Barua ya wazi kutoka Mbeya: wachezaji wa wavu wa kukaa tunaomba ratiba

Kwa Waziri mwenye dhamana ya michezo. Baraza la Michezo la Taifa. Kamati ya Paralimpiki Tanzania. Shirikisho la Mpira wa Wavu Tanzania. Na Wakuu wa Mikoa ya Mbeya, Iringa, Njombe, Songwe na Rukwa.

Waheshimiwa,

Salaam kutoka Mbeya. Naanza na haja yenyewe, maana barua ndefu husomwa aya ya kwanza kisha ikapewa namba ya jalada. Sisi wachezaji wa mpira wa wavu wa kukaa, ule wa watu wenye ulemavu unaochezwa mkiwa mmekaa sakafuni, huku Nyanda za Juu Kusini tunaomba ratiba. Karatasi moja yenye tarehe: mwezi huu Mbeya na Iringa, mwezi ule Njombe na Songwe, halafu mashindano ya kanda, halafu bingwa aende taifa. Mengine yote nitakayoyaeleza humu yanatokana na ombi hilo.

Ratiba tuliyonayo sasa ina siku moja kwa mwaka. Ni tarehe 3 Desemba, Siku ya Kimataifa ya Watu wenye Ulemavu. Mwishoni mwa Novemba simu zinaanza kuita: "Dada, ile timu yenu bado ipo? Mnaweza kuja kutuonyesha kidogo kabla mgeni rasmi hajazungumza?" Tunakwenda. Tunapangiwa dakika chache katikati ya ngoma na risala, wavu unafungwa kwenye nguzo za turubai, mgeni rasmi anapiga makofi na kutuita mashujaa, picha zinapigwa, kila mmoja anaondoka na mchele na sabuni. Desemba huku kwetu ni mwezi wa mvua, kwa hiyo upo mwaka ambao hata hizo dakika chache zinakatishwa. Baada ya hapo hatutafutwi tena mpaka Novemba nyingine.

Mchele tunashukuru, tunaupika na kuula. Ila mchezaji anatengenezwa na mechi, na mechi zinatokana na kalenda. Timu isiyojua itacheza lini na nani haina sababu ya kufanya mazoezi Jumamosi ya baridi ya mwezi wa sita, na wachezaji wake wanapungua mmoja mmoja bila hata kuaga.

Mimi ni fundi cherehani, kibanda changu kipo Mwanjelwa. Mguu wangu wa kushoto ulikatwa chini ya goti baada ya ajali ya bodaboda kwenye barabara kuu ya kwenda Tunduma. Shuleni nilikuwa seta wa timu ya wavu, yule anayewapangia wenzake mipira ya kupiga, na nilipotoka hospitali nilijua hayo yamekwisha. Kwamba kuna wavu wa kukaa nilikuja kujua kwa bahati, kutoka kwa mwalimu mmoja wa michezo aliyeniletea sare za timu yake nizipunguze. Aliniona nimeegemeza magongo ukutani, akauliza maswali mawili matatu, wiki iliyofuata akaja na mpira. Nasisitiza hilo neno bahati. Hospitalini walinitibu vizuri, mguu wa bandia nikaupata, ushauri nikaupata, lakini hakuna aliyenitajia kwamba mchezo nilioupenda una toleo lake ambalo mtu mwenye mguu mmoja anaweza kulicheza mpaka Olimpiki ya watu wenye ulemavu, yaani Paralimpiki.

Naomba mnivumilie nieleze mchezo kidogo, kwa kuwa nimegundua viongozi wengi wanaufahamu kupitia zile dakika za sherehe. Uwanja una urefu wa mita 10 na upana wa mita 6, wakati ule wa kawaida ni mita 18 kwa 9. Wavu kwa wanaume unafungwa mita 1.15 kutoka chini, kwa wanawake mita 1.05. Wachezaji ni sita kila upande, seti ni za pointi 25, ikifika ya tano inachezwa mpaka 15. Mpira ni uleule. Zipo tofauti mbili zinazoupa mchezo makali yake. Kwanza, mpira wa kuanzisha unaruhusiwa kuzuiwa pale pale wavuni, kitu ambacho kwenye wavu wa kusimama ni kosa. Pili, unapogusa mpira lazima sehemu ya mwili kati ya mabega na makalio iwe imegusa sakafu. Ukijinyanyua, hata kidogo, refa anapuliza filimbi.

Sasa fikirini hiyo sheria ya pili ina maana gani kwa seta. Mchezaji aliyesimama anapelekwa kwenye mpira na miguu, mikono inasubiri. Sisi mikono ndiyo inayotupeleka na ndiyo inayocheza. Wenzangu wakipokea vibaya, mpira ukaenda kona, natakiwa nisukume sakafu kwa viganja vyote viwili, niteleze mita moja au mbili nikiwa nimekaa, nitulie, ninyanyue mikono yote miwili juu ya paji la uso, na hapo vidole viwe vikavu na vilaini kiasi cha kumpa mpigaji mpira usiozunguka. Nikichelewa kunyoosha mikono, mpira unanigonga puani. Nikiwahi kuinyoosha, sijafika. Na kwa kuwa uwanja ni mfupi, smashi inarudi kabla hujamaliza kushusha mikono. Vijana wa chuo wenye miguu yote miwili huja kujaribu wakicheka, na seti ya kwanza huwa haijaisha wakaanza kuulizana muda.

Huo ndio mchezo tunaoucheza kwenye sakafu ya zege la nje, kwenye uwanja wa shule tunaouazima. Zege lile lilimwagwa kwa ajili ya watu waliovaa viatu. Lina mchanga uliochomoza na mipasuko, na suruali ya jinzi inatoboka baada ya mazoezi machache. Kwa hiyo nimegeuka mshonaji wa vifaa vya timu: nachukua jinzi za mitumba, nashonea makalioni kiraka cha turubai la lori, ndani naweka sponji ya kochi. Turubai linadumu, ila likilowa linang'ang'ania chini na huwezi kuteleza. Tumejaribu ngozi ya viti vya gari, tumejaribu raba. Raba ni mbaya kuliko vyote. Viganja tunavifunga plasta. Wenzetu wasio na hisia kwenye miguu hawajui kama wamechubuka mpaka waone damu kwenye soksi, na kidonda cha namna hiyo kinaweza kumrudisha mtu hospitali kwa miezi.

Ndiyo maana, ukiacha ratiba, jambo la pili ninaloliombea kwa nguvu ni sakafu. Mbeya ina kumbi. Vyuo vina kumbi, shule zina mabwalo, taasisi za dini zina kumbi, halmashauri zina kumbi. Sakafu zake zimesakafiwa laini, nyingine zina vigae. Zinajaa harusi na kicheni pati Jumamosi jioni, lakini asubuhi ya Jumamosi hiyohiyo zipo wazi, mlinzi anaota jua mlangoni. Tunahitaji eneo ambalo ni dogo kuliko ukumbi wa kawaida wa harusi, saa mbili kwa wiki, na ruhusa ya kubandika utepe wa plasta kwenye sakafu tutakaoubandua wenyewe. Kuanzia Novemba mpaka Aprili mvua inatunyima uwanja wa nje, Juni na Julai ukikaa kwenye zege la Mbeya saa moja na nusu asubuhi kiuno kinakataa kunyooka. Toa miezi hiyo kwenye mwaka muone tumebakiwa na mingapi.

Kwa nini hatujaomba ukumbi kwa utaratibu? Tumeomba. Hapa ndipo penye kiini cha barua hii, kwa hiyo nitakaa hapa kidogo. Katika halmashauri moja tulikwenda kwenye ofisi ya michezo. Tukaambiwa, kwa upole kabisa, masuala ya watu wenye ulemavu yako ustawi wa jamii. Tukaenda ustawi wa jamii, wakatupokea vizuri, wakatupa viti, wakasema hili ni suala la michezo. Tukarudi michezo na barua kutoka ustawi. Michezo wakasema mchezo huo haumo kwenye mashindano yanayotambuliwa kwenye mpango kazi wao, kwa hiyo hauna kasma, yaani fungu la fedha. Tukauliza utaingiaje kwenye mpango kazi. Wakasema lazima kuwe na mashindano. Tukauliza mashindano yataanzishwaje bila kasma. Afisa akacheka, nasi tukacheka, kwa kweli hapakuwa na kingine cha kufanya. Sikumwona kama mtu mbaya. Naye amefungwa na kitu kilekile tunachokiomba: akipata karatasi kutoka juu inayosema kuna ligi ya kanda na mkoa wake unatakiwa kupeleka timu, kesho yake atakuwa na kasma, gari na barua ya ukumbi.

Nasikia mara nyingi kwamba sisi ni wachache, na kwamba mchezo huu haujafika kiwango cha kuitwa ajira. Naomba tutazame wenzetu. Mchezo wenyewe ulianzia Uholanzi mwaka 1956. Uliingia rasmi kwenye Paralimpiki kwa wanaume mwaka 1980 huko Arnhem, na wanawake wakaruhusiwa Athens mwaka 2004. Yupo Mwingereza anaitwa Martine Wright: alipoteza miguu yote miwili kwenye milipuko ya mabomu ya London Julai 2005, na mwaka 2012 akawa uwanjani London hiyohiyo akiichezea nchi yake wavu wa kukaa. Miaka saba tu. Hakuwa na muujiza wowote. Alikuta mchezo una kocha, una timu, una tarehe. Yupo Morteza Mehrzad wa Iran, urefu wake sentimita 246, kijana aliyekuwa akijifungia ndani kwa ajili ya maumbile yake. Wavu wa kukaa ukampa medali za dhahabu Rio, Tokyo na Paris. Bosnia na Herzegovina, nchi iliyotoka kwenye vita vya miaka ya 1990 ikiwa na majeruhi wengi wa mabomu ya ardhini, ilichukua dhahabu mwaka 2004 na tena 2012.

Mtasema hao ni Wazungu na Waajemi, wana hela. Haya, twendeni Rwanda. Kwa eneo Rwanda ni ndogo kuliko mkoa wa Mbeya peke yake (kwa eneo nasema, kwa watu wanatuzidi mbali). Timu yao ya wanaume ilifika London 2012, ya kwanza kutoka kusini mwa Sahara kwenye mchezo huu, na ndani yake walikuwamo watu waliowahi kupigana katika pande mbili za vita moja. Wanawake wao walikwenda Rio 2016, wakaenda Tokyo na kuifunga Japani seti tatu bila, wakaenda Paris 2024. Mwanamke wa Rwanda aliyekatwa mguu anaweza kuamka asubuhi akijua mwezi ujao anacheza na wilaya gani, kwa sababu wana ligi ya nchi nzima yenye timu za wilaya. Kati yake na mimi tofauti siyo mguu wala mkono.

Na hapa nyumbani tumeshaona. Tembo Warriors, timu yetu ya soka la watu wenye ulemavu, walikwenda Kombe la Dunia Uturuki mwaka 2022 wakafika robo fainali. Nchi ilifurahi, na ilistahili. Wale vijana hawakushuka kutoka mbinguni. Walipewa kambi, mechi na safari. Sisi tunaomba daraja la chini kabisa la kitu hichohicho.

Sasa niwaeleze maisha ya mchezaji wa wavu wa kukaa huku kwetu yanakwendaje, ili mlinganishe. Anaingia timuni kwa kuelekezwa na rafiki. Mwezi wa kwanza anaumwa mabega na viganja. Mwezi wa pili anaanza kuona raha. Anajitegemea nauli: mtu wa magongo daladala hazimsubiri, kwa hiyo bajaji, na bajaji kwenda na kurudi inakula faida ya siku nzima ya muuza karanga. Mwezi wa nne anauliza, "Tunacheza na nani?" Nahodha wetu hana jibu. Mwezi wa sita haonekani. Mpigaji wetu bora wa mkono wa kushoto, kijana aliyekatwa mguu na msumeno kwenye kiwanda cha mbao, yuko Tunduma anauza laini za simu. Nikimpigia anasema, "Dada, mkipata mechi niite." Nimeshindwa kumwita.

Kinachoumiza zaidi ni kwamba mchezo huu hauna haraka ya kumwacha mtu. Huko nje wanacheza mpaka wamepita miaka arobaini, kwa vile hauhitaji kuruka wala kukimbia. Unahitaji mikono, jicho na akili ya uwanjani, vitu ambavyo umri hauvinyang'anyi mapema. Mtu angeweza kuwa na miaka ishirini ya uchezaji. Sisi tunamaliza kwa miezi.

Kuna swali la ajira, nalo nilisemee. Wavu wa kusimama nchini umebebwa sana na majeshi na taasisi. Kijana akicheza vizuri anachukuliwa, anapata kazi, anacheza akiwa na mshahara. Hata kwenye soka, hapa Mbeya tunayo Tanzania Prisons, tunaiona njia hiyo kwa macho. Kwetu njia hiyo imefungwa kwa sababu zinazoeleweka; jeshi halitaajiri mtu wa mguu mmoja kwa ajili ya gwaride. Lakini Sheria ya Watu wenye Ulemavu ya mwaka 2010 inamtaka mwajiri mwenye wafanyakazi 20 na zaidi awe na asilimia 3 ya watu wenye ulemavu. Halmashauri, vyuo, mamlaka za maji, mashamba ya chai ya Mufindi na Rungwe, benki, wote wanaguswa. Ninachopendekeza ni kwamba wanapotimiza asilimia hiyo, wawafikirie wachezaji, na wawape ruhusa ya mashindano kama wanavyowapa watumishi wanaokwenda SHIMIWI na SHIMISEMITA, mashindano ya watumishi wa wizara na wa serikali za mitaa. Na kwa nini wavu wa kukaa usiwe ndani ya hayo mashindano yenyewe? Katika nchi nyingi, kwenye ligi za ndani, mtu asiye na ulemavu anaruhusiwa kucheza, anakaa chini kama wengine. Mhasibu na dereva wa halmashauri wakikaa sakafuni pamoja na sisi, idadi ya timu inatimia siku hiyohiyo, na ile hoja ya uchache inakufa.

Mikopo ya asilimia kumi ya halmashauri, ambayo asilimia mbili ni ya watu wenye ulemavu, tuliulizia. Tuliambiwa ni ya vikundi vya uzalishaji, na timu haizalishi. Kwa kanuni ilivyo, wako sahihi, sina ugomvi. Lakini upo Mfuko wa Maendeleo ya Michezo, nasi tunaomba tukumbukwe humo. Nchi inajiandaa kupokea AFCON 2027 pamoja na Kenya na Uganda, viwanja vinajengwa, nasi tutashangilia kama Watanzania wengine. Wavu wa kukaa hauhitaji hata nyasi.

Jambo jingine ambalo bila ninyi haliwezekani kabisa ni uainishaji. Kimataifa mchezaji hawekwi uwanjani mpaka apimwe na wataalamu waliothibitishwa, apewe daraja, VS1 au VS2. Wa VS2 ni wale wenye ulemavu mdogo zaidi, na timu inaruhusiwa kuwa na mmoja tu uwanjani kwa wakati mmoja. Hapa nilipo sijui nitawekwa wapi kwa uhakika, na kocha hawezi kupanga timu ya kushindana nje kwa kukisia. Hatuombi waainishaji wa kimataifa waje Mbeya. Tunaomba madaktari wa mifupa na wataalamu wa mazoezi ya viungo wa hospitali zetu wafundishwe kujaza zile fomu za awali, ili siku mchezaji anapoitwa kambini asisafiri zaidi ya kilomita 800 mpaka Dar es Salaam na kurudishwa kwa kukosa karatasi. Marefa nao ni hivyohivyo, mafunzo mafupi kwa marefa wa wavu waliopo yanatosha. Sheria karibu zote wanazijua tayari.

Na wakati mko hospitalini, naomba kipeperushi. Nyanda za Juu Kusini hazikosi watu wanaopoteza viungo: malori na mabasi kwenye miteremko ya barabara ya TANZAM, bodaboda, viwanda vya mbao vya Mafinga na Njombe, kisukari kwa wazee wetu. Kila mmoja wao anapita wodini, kisha kwenye chumba cha kutengenezea miguu ya bandia. Karatasi moja ukutani yenye picha ya mchezo, siku ya mazoezi na namba ya simu ya afisa michezo ingeondoa ile bahati niliyoisema mwanzoni. Iringa wanao mfano mzuri wa Neema Crafts, ambako watu wenye ulemavu wamefundishwa kazi za mikono na mji mzima unawajua kwa kazi zao. Mjini tayari watu wameshazoea kumwona mtu mwenye ulemavu akifanya kitu kwa ustadi. Timu ya Iringa ingeanza na faida hiyo.

Nimalizie na shule, maana huko ndiko kunakoniuma. Kwenye uwanja tunaoazima kuna binti wa kidato cha pili, amezaliwa na mguu uliopinda kifundoni. Ana mikono mirefu na anasoma mpira kuliko wengi wanaocheza. Msimu wa UMISSETA, mashindano ya shule za sekondari, ukifika, wenzake wanafanya mazoezi, yeye kazi yake ni kutunza sare na chupa za maji. Anazipanga kwa namba za wachezaji, moja mpaka kumi na mbili, kila sare imekunjwa, chupa iko juu yake. Nilimuuliza kwa nini haingii na sisi Jumamosi. Akasema mwalimu wa zamu hamruhusu kwa kuwa sisi si timu ya shule na mchezo wetu haumo kwenye michezo ya shule. Mwalimu yule anafuata utaratibu. Mkataba wa Umoja wa Mataifa wa Haki za Watu wenye Ulemavu, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 2009, ibara yake ya 30 inazungumzia wazi watoto wenye ulemavu kushiriki michezo, ikiwemo ya shuleni. Kwa hiyo naomba Wizara ya michezo ikae na TAMISEMI na Wizara ya Elimu, waingize wavu wa kukaa kwenye UMITASHUMTA ya shule za msingi na UMISSETA, hata kwa kuanza na mikoa michache, hata kwa kuchanganya wanafunzi wenye ulemavu na wasio nao kwenye timu moja. Nguzo zipo, wavu upo, mpira upo. Wavu unashushwa.

Sisemi tupelekwe Paralimpiki ya Los Angeles mwaka 2028. Nasema ifikapo mwaka wa fedha ujao kuwe na mechi sita za mikoa kwa tarehe zinazojulikana, wanaume na wanawake. Kutoka Mbeya mpaka Iringa ni zaidi ya kilomita 300, Koste moja inatosha timu zote mbili na magongo yao, na tutalala kwenye mabweni ya shule wakati wa likizo. Sare na suruali za kuchezea nitazishona mimi bila malipo ya ufundi, nileteeni kitambaa tu. Marefa wa kujitolea tunao. Kama mnataka majina ya wachezaji walio tayari kurudi wakisikia kuna ligi, afisa michezo akituita tutampelekea orodha siku hiyohiyo, na yule wa Tunduma atakuwemo.

Mwaka wa fedha unaanza Julai 1, na mipango ya halmashauri inaandikwa mapema zaidi ya hapo. Ombi hili likisubiri Bunge la bajeti la Aprili litakuwa limeshachelewa mwaka mzima. Tunaomba kikao kabla ya mwisho wa Januari, Mbeya au Iringa, popote penye ngazi chache.

Wenu katika michezo,

Mchezaji wa wavu wa kukaa na fundi cherehani,
Mwanjelwa, Mbeya.

Nakala kwa:
Maafisa Michezo wa mikoa na halmashauri zote za Nyanda za Juu Kusini.
Maafisa Ustawi wa Jamii wa halmashauri hizohizo. Tafadhali isomeni mkiwa chumba kimoja.